Mwezi ni Mke wa Nani? Ujamaa na Jinsia katika Visasili vya Bonde la Ufa la Kati

Katika vitabu vya marejeo vinavyoorodhesha miungu ya mataifa ya dunia, Wamaasai aghalabu hupewa mistari michache tu. Msomaji huambiwa kwamba mungu wao mkuu ni Enkai, na kwamba mkewe ni Olapa, mungu wa kike wa mwezi. Habari hii imenakiliwa kutoka kitabu hadi kitabu, wala si ajabu kuikuta katika insha ya mwanafunzi wa fasihi-simulizi aliyezaliwa Nakuru, Naivasha au Narok, mahali ambapo hata majina ya miji na maziwa yana asili ya Kimaa. Lakini mtu yeyote ajuaye Kimaa kidogo atashtushwa na sentensi hiyo. Nomino za Kimaa hubeba kiambishi awali cha jinsia: ol- kwa ya kiume, en- kwa ya kike. Enkai ina kiambishi cha kike. Olapa, yaani mwezi, ina kiambishi cha kiume. Mke amekuwa na sarufi ya mume, na mume ya mke, wala waandishi wa orodha hizo hawakuona haja ya kulitaja jambo hilo.

Makala haya yana nia ya kuchunguza jinsi uhusiano wa kijamaa unavyotajwa katika visasili vya watu wa Bonde la Ufa la Kati, na hasara inayopatikana pale visasili hivyo vinapopangwa kwa mfano wa ukoo wa miungu ya Wagiriki wa kale. Suala hili lina uzito wake kwa Kiswahili, kwa kuwa Kiswahili ndicho lugha ambamo masimulizi ya Kimaa, ya Kikalenjin na ya Kigikuyu hukutana katika jiji kama Nakuru, na ndicho kinachotakiwa kuyafasiri kila moja kwa jirani yake.

Yafaa kwanza kuutazama mfano wenyewe. Mshairi Hesiod, aliyeishi yapata karne ya nane au ya saba kabla ya Kristo, aliusimulia mwanzo wa ulimwengu wote kwa njia ya uzazi. Gaia, yaani Ardhi, alimzaa Uranos, yaani Mbingu. Kisha akazaa naye wale Titani, na miongoni mwao Kronos, aliyemhasi babaye na kutwaa utawala. Kronos na Rhea wakawazaa Hestia, Demeter, Hera, Hades, Poseidon na Zeus. Kwa Hesiod, kueleza jinsi kitu kilivyo ni kumtaja mzazi wake: Usiku ana watoto, Usingizi na Mauti ni ndugu, na hata Ugomvi una mama. Nasaba ndiyo falsafa yake.

Mtu akijaribu kuisimulia nasaba hiyo kwa Kiswahili, ataona mara moja kwamba lugha inamdai maelezo ambayo Kiingereza hakimdai. Persephone ni binti wa Zeus na Demeter, ambao ni ndugu. Hades, ndugu yao wote wawili, alimteka binti huyo akamwoa. Waandishi wa Kiingereza husema tu kwamba Hades alikuwa mjomba-ami wake, wakitumia neno moja lisilobagua upande wa baba na wa mama. Mswahili hana neno hilo. Hana budi kuchagua, na hapa hawezi kuchagua: kwa kuwa Hades ni kakaye Zeus, yeye ni baba mkubwa wa Persephone, kwa kuwa ni kakaye Demeter, ni mjomba wake. Naye Ares, mwana wa Zeus na Hera, ana mama ambaye ndiye shangaziye na baba ambaye ndiye mjombaye. Msamiati wa ujamaa wa Kiswahili, uliojengwa kwa desturi za watu wasiooana kaka kwa dada, hauwezi kulificha jambo hilo. Kasoro hiyo, kama ni kasoro, ni faida kwa msomaji, kwani inamwonyesha kwa neno moja kwamba miungu ya Wagiriki ilijiruhusu mambo ambayo Wagiriki wenyewe hawakujiruhusu.

Basi, je, watu wa Bonde la Ufa walisimulia mwanzo wa ulimwengu kwa uzazi? Wengi wao hawakufanya hivyo. A. C. Hollis, afisa wa serikali ya Kiingereza aliyechapisha kitabu cha lugha na masimulizi ya Wamaasai mwaka 1905 na kile cha Wanandi mwaka 1909, aliandika katika vitabu vyote viwili kisa cha mwanzo ambacho hakina baba wala mama. Kwa Wamaasai, Naiterukop, ambaye jina lake lina maana ya aliyeianza nchi, alipokuja kuiandaa dunia aliwakuta watatu wakiishi pamoja: mwindaji, ambaye maandishi ya wakati ule humwita Mdorobo, na ndovu, na nyoka. Kwa Wanandi, Asista, ambaye ni Jua, alimkuta mwindaji huyohuyo pamoja na ndovu na radi. Radi akaanza kumwogopa mtu, kwa sababu mtu aweza kugeuka ubavu akiwa amelala, ilhali yeye radi hana budi kuamka kwanza ndipo ageuke. Akakimbilia mbinguni. Ndovu akacheka, akaona kiumbe mwenyewe ni mdogo, asubuhi moja akapigwa mshale wa sumu. Alipomlilia radi amchukue juu, radi alimjibu kwamba alikwisha kumwonya.

Kisa hiki hakina ukoo. Kinaanza na ujirani: wapangaji watatu wa nyumba moja wanaotazamana kwa wasiwasi, hata mmoja akahama na mmoja akafa. Mwandishi wa orodha ya miungu, akiwa na karatasi yake yenye mti wa nasaba, hajui amwandike radi tawi gani. Ndipo hushawishika kumwita mwana wa Jua, au nduguye, ili mti upate kukamilika. Wanandi walizungumza juu ya radi wawili, Ilet mwema na Ilet mbaya, na hao pia wamepata kuitwa ndugu na wafasiri, ingawa kisa chenyewe hakiwapi uhusiano huo.

Wamaasai nao wana Enkai Narok na Enkai Nanyokie, yaani Enkai mweusi na Enkai mwekundu. Hollis aliandika kwamba mweusi alitaka kuwapa watu mvua na mwekundu akakataa. Ngurumo kali ya karibu ni mwekundu akitaka kushuka awaue watu, na ile ya mbali ipigayo kwa sauti ya chini ni mweusi akimzuia. Hapa Kiswahili kina mitego miwili. Wa kwanza ni rangi. Mweusi ndiye mwema, kwani ni mweusi kama wingu la mvua. Lakini Kiswahili chenye misemo ya moyo mweusi na roho nyeusi humwelekeza msikilizaji upande usio wake, na mfasiri asipoongeza maelezo atakuwa amewageuza wahusika. Wa pili ni jinsia, na huo wahitaji maelezo marefu zaidi.

Katika majina hayo mawili, na- ni kiambishi cha uhusiano cha kike: narok ni iliyo nyeusi, nanyokie ni iliyo nyekundu. Nomino ikiwa ya kiume, kiambishi huwa o-. Hakuna haja ya kwenda mbali kutafuta mifano. Mji wa Narok umeitwa kwa mto wake, Enkare Narok, maji meusi. Nao mji mkuu wa Kenya ni maji baridi, kwa na- hiyohiyo. Lakini mlima ulio Namanga ni Oldoinyo Orok, mlima mweusi, kwa kuwa mlima ni wa kiume. Kwa hiyo mtu anayetamka Nairobi na Narok kila siku amekwisha kutamka upatanisho wa kike wa Kimaa bila kujua, na ni upatanisho huohuo ulio katika majina ya Enkai.

Je, hii ina maana kwamba Enkai ni mungu wa kike? Wako waliodai hivyo kwa bidii, hasa baada ya kuchoshwa na tafsiri za zamani zilizomfanya mwanamume mwenye ndevu. Dai hilo nalo lina haraka. Jinsia ya kisarufi ya Kimaa haihusu watu na wanyama peke yao. Huhusu pia ukubwa na udogo, ukali na upole. Olalem ni sime, enkalem ni kisu kidogo; hakuna asemaye kwamba kisu ni mke wa sime. Neno enkai lenyewe lina maana ya Mungu, na ya mvua. Kiambishi chake chaweza kuwa kinataja upole wa mvua kuliko umbile la mwanamke. Zaidi ya hayo, kitenzi cha Kimaa katika nafsi ya tatu huanza na e- pasipo kubagua mume na mke, kama vile Kiswahili kinavyosema a-. Msimulizi wa Kimaa aweza kusimulia matendo ya Enkai mchana kutwa asimfanye mume wala mke. Mwingereza ndiye aliyelazimika kuchagua kiwakilishi, naye alichagua cha kiume. Mswahili hakulazimika. Katika jambo hili tafsiri ya Kiswahili ikitoka moja kwa moja katika Kimaa yaweza kuwa aminifu kuliko ya Kiingereza. Ikipitia Kiingereza, huokota jinsia ambayo haikuwako na kuiacha ile iliyokuwako.

Sasa yaweza kurudiwa habari ya Olapa. Kisa anamotoka kimo katika kitabu cha Hollis cha 1905, nacho ni kifupi. Jua alimwoa Mwezi. Siku moja wakapigana. Mwezi akampiga Jua kichwani, na Jua naye akamjeruhi Mwezi. Jua akaona haya watu wasije wakaona uso wake uliopondeka, akazidisha mng'ao hata hakuna awezaye kumtazama bila kufumba jicho. Mwezi hakuona haya, na kwa hiyo watu humtazama wakaona mdomo uliochanika na jicho moja lililokosekana.

Mambo matatu yanastahili kuangaliwa. Kwanza, Jua wa kisa hiki ni enkolong, nomino ya Kimaa ya jua na ya mchana; si Enkai. Aliyemweka Enkai mahali pa Jua alifanya hivyo nje ya kisa, na yamkini alisukumwa na mfano wa jirani, kwa kuwa kwa Wanandi na Wakipsigis Jua ndiye Asis, mkuu wa wote. Pili, enkolong nayo ina kiambishi cha kike. Katika kisa hiki basi, mume ni wa kike kisarufi na mke ni wa kiume. Jambo hili halikisahihishi kisa wala kisa hakisahihishi sarufi. Wajerumani nao wana jua la kike na mwezi wa kiume. Wagiriki walikuwa na Helios mwanamume na Selene mwanamke, na sarufi yao ikaafikiana na hadithi yao. Kuafikiana huko ni bahati ya Kigiriki, si kanuni ya lugha zote, na mtu aliyezoea Kigiriki na Kilatini huona ni jambo la lazima. Tatu, Olapa katika kisa si mungu wa kike wa mwezi. Ni mwezi wenyewe, aliyeolewa, aliyepigwa na aliyepiga. Haabudiwi katika kisa. Cheo cha mungu alipewa katika faharasa.

Kwa mfasiri wa Kiswahili tatizo ni jingine. Jua liko katika ngeli ya li-ya, mwezi katika ya u-i, na hakuna anayeweza kusimulia kwamba jua liliuoa mwezi bila kuchekwa. Kiswahili huvitoa vitu hivyo katika ngeli zao na kuviingiza katika a-wa, kama kifanyavyo kwa wahusika wote wa ngano: Jua alimwoa Mwezi, wakagombana. Lakini palepale lugha inadai ijulikane nani anaoa na nani anaolewa. Upatanisho haumsaidii mfasiri, kwani a- haina jinsia. Kitenzi ndicho kinachoamua. Kwa hiyo mtafiti akimsikia msimulizi wa Kimaa hana budi kusikiliza kitenzi cha ndoa, asikisie kutoka kiambishi cha nomino. Kama msimulizi wa Narok leo atamfanya Mwezi kuwa mume, hatakuwa amekosea. Atakuwa amesimulia toleo lake, na litastahili kuandikwa lilivyo.

Haifai hata hivyo kushikilia kwamba Bonde la Ufa halina kabisa ukoo wa mbinguni. Wapokot wanao, na ni kamili kuliko vile ambavyo mpinzani wa Wagiriki angependa. M. W. H. Beech, katika kitabu chake cha 1911, aliandika kwa mujibu wa mzee aliyesifika kwa ujuzi wa masimulizi kwamba Tororut ndiye mkuu. Mkewe ni Seta, yaani Kilimia. Mwanawe wa kwanza ni Arawa, mwezi. Binti wa kwanza ni Topogh, nyota ya jioni. Ilat, mvua, ni mwana mwingine, naye humchotea babaye maji, na maji yakimwagika mvua hunyesha. Nyota nyinginezo ni watoto pia. Asis, jua, ni ndugu mdogo wa Tororut.

Hapa msamiati wa Kiswahili unafanya kazi barabara. Asis ni baba mdogo wa Arawa na Ilat. Kiangazi kinapokaza, ni baba mdogo aliyekasirika, na mwana wa kaka mkubwa ndiye anayekuja na mtungi kuleta nafuu. Kila mtu aliyekulia katika boma la ndugu wawili anaijua hali hiyo. Tena ni jambo la kupendeza kwamba Kilimia, kundi lilelile la nyota ambalo Wagiriki waliliona kuwa mabinti saba wa Atlas wakikimbizwa na Orion, na ambalo Waswahili waliliita kwa kazi ya kulima, kwa Wapokot ni mke mmoja na mama wa nyumba. Lakini ulinganifu wa maana zaidi uko karibu. Jina Asis ni moja kwa Wapokot, Wanandi na Wakipsigis, ambao lugha zao ni za jamii moja. Kwa hao wawili wa mwisho ni mkuu, naye huitwa pia Cheptalel, jina lenye kiambishi kilekile kilicho katika majina ya wasichana kama Chepkoech, dhidi ya Kipkoech ya wavulana. Kwa Wapokot ni ndugu mdogo. Neno halikubadilika, aliyebadilishwa ni cheo chake katika familia. Orodha inayoandika tu kwamba Asis ni mungu wa jua wa Wakalenjin inaifuta tofauti hiyo, ambayo ndiyo habari yenyewe.

Kwa Wagikuyu, ambao ni wengi Nakuru tangu siku za mashamba ya walowezi, nasaba ipo lakini inaanzia chini: Gikuyu na Mumbi, na mabinti zao tisa waliozipa koo majina yake. Ngai hakuwazaa, aliwaweka. Kisa hiki kimekwisha kuchambuliwa vya kutosha, wala hakihitaji kurudiwa.

Visasili vya ujamaa havikubaki mbinguni. Ukoo wa malaiboni wa Kimaasai wasimuliwa kuwa ulianza kwa mtoto aliyekutwa peke yake mlimani, bila baba wala mama, akalelewa na ukoo wa Ilaiser. Katika uzao wake alitokea Mbatiany, aliyefariki yapata mwaka 1890, na wanawe Sendeyo na Olonana, ambaye vitabu humwita Lenana. Husimuliwa kwamba Mbatiany alimwambia Sendeyo aje alfajiri apokee vifaa vya ulaiboni. Lenana akasikia kwa siri, akamtangulia gizani, na mzee aliyekuwa na jicho moja akampa. Mjerumani Moritz Merker, katika kitabu chake cha 1904, alidai kwamba Wamaasai wana asili moja na Waebrania, na tangu hapo wengi wamekiona kisa hiki kuwa ni cha Yakobo na Esau. Walioshughulika na ufanano huo walisahau kuuliza kisa chenyewe kilikuwa na kazi gani. Kilikuwa kikieleza vita vya ndugu wawili vilivyodumu hadi yapata mwaka 1902, na haki ya mmoja wao kusema kwa niaba ya wote. Mwaka 1904 ni Lenana aliyetia alama yake katika mkataba uliowaondoa Wamaasai katika nchi ya Naivasha na Nakuru, kandokando ya reli. Wenye lugha wakaenda, majina yakabaki.

Wanandi na Wakipsigis nao husimulia kwamba ukoo wa Talai, unaotoa maorgoiyot, ulitoka kwa malaiboni wa Kimaasai. Kimnyole arap Turukat aliuawa na Wanandi wenyewe mwaka 1890. Mwanawe Koitalel arap Samoei aliuawa na Meinertzhagen tarehe 19 Oktoba 1905. Mwanawe mwingine, Kipchomber arap Koilegen, alikwenda kwa Wakipsigis. (Mtu asiyejua desturi ya majina ya Kikalenjin, akichora mti kwa kufuata neno arap peke yake, hatapata kwamba hao walikuwa wana wa baba mmoja.) Serikali ya kikoloni ilikisoma kisa cha asili ya Talai kama hati ya nasaba. Mwaka 1934 ilipitisha sheria ya kuwahamisha, na familia za Talai wa Kipsigis, wazee kwa watoto wachanga, zikapelekwa Gwassi, karibu na Ziwa Viktoria, zikakaa huko hata miaka ya mwanzo ya 1960. Sheria hiyo haikutumia neno orgoiyot, ambalo ndilo neno la Wakipsigis. Iliitwa sheria ya kuwahamisha malaiboni, kwa neno la Kimaa.